Miguu Tunailipia, Kichwa Kijitegemee

Mwanariadha wetu mashuhuri akianguka, iwe ni kwa pombe, kwa kutoweka kambini, kwa ugomvi wa nyumbani au kwa kifo, hukumu hutoka kabla ya mazishi. Utaisikia redioni, utaisikia kwenye matatu inayopanda kutoka Eldoret kwenda Iten, utaisikia hata kwa mzee aliyeshika kipaza sauti msibani: pesa zilimlevya, nidhamu ilimshinda, alisahau alikotoka. Akitokea wa kutamka neno sonona, hujibiwa kwa kicheko. Mtu anayekimbia kilomita 42, anayeamka alfajiri kupambana na baridi na vilima, awe na ugonjwa wa mawazo? Hayo waachie Wazungu.

Anayecheka hivyo ndiye ninayemjibu hapa. Dai langu ni kwamba hiyo akili ya chuma tunayomsifia mwanariadha ni mbinu ya kukwepa bili. Miguu yake tunaigharimia kwa kuwa inatuletea medali. Kichwa chake tumemwachia mwenyewe, pamoja na mama yake na mchungaji wake.

Wanavyosema

Nisije nikaambiwa nimemsingizia mtu, hoja yao nitaiweka kwa nguvu zake zote, maana si hoja ya wajinga. Kuna makocha wenye miaka mingi kazini wanaoiamini, na kuna wanariadha wanaoiapia.

Kwanza, wanasema, mazoezi yenyewe ni dawa. Madaktari wanawahimiza wagonjwa wa sonona wafanye mazoezi, basi anayefanya mazoezi mara 2 kwa siku ana kinga kuliko sisi sote. Pili, riadha hulea uvumilivu, na mvumilivu hula mbivu. Aliyezoea maumivu ya kilomita ya 35 hashindwi na maneno ya watu. Tatu, habari za afya ya akili michezoni zimeletwa na matajiri wa ng'ambo waliokosa shida za kweli. Wetu wametoka kwenye umaskini, na umaskini umewakomaza. Nne, walioharibika waliharibiwa na pesa za ghafla, pombe na marafiki wa kunyonya. Tano, mambo ya nyumbani ni ya nyumbani, shirikisho la riadha si baraza la wazee wa ukoo. Na sita, hata kama kungekuwa na tatizo, nchi zetu hazina pesa za kuajiri wanasaikolojia wakati viwanja vyenyewe ni vumbi tupu.

Hoja ndizo hizo 6. Zikisomwa haraka zinashikana vizuri. Tuzisome polepole.

1. Eti mazoezi ni dawa

Ni dawa, na kila dawa ina kipimo chake. Daktari anapomwambia karani mwenye huzuni atembee nusu saa kila jioni, anamwagiza afanye jambo ambalo akilikosa Jumanne atalifanya Jumatano, na mshahara wake haupungui hata senti. Mkimbiaji wa marathoni hukimbia hata kilomita 200 kwa wiki. Mbio kubwa anazokimbia kwa mwaka kwa kawaida ni 2. Kipato cha nusu mwaka mzima huamuliwa na saa 2 na ushei za asubuhi moja, na tumbo likimchafuka asubuhi hiyo, basi. Hapo mazoezi yameacha kuwa dawa, yamekuwa kazi, tena kazi isiyo na likizo ya ugonjwa.

Mwaka 2019 jarida la Uingereza la tiba ya michezo lilichapisha uchambuzi uliokusanya tafiti nyingi kuhusu wanamichezo wa kiwango cha juu. Kati ya waliokuwa bado wanashindana, asilimia 34 walikuwa na dalili za wasiwasi au sonona. Kwa waliostaafu ilikuwa asilimia 26. Mtu 1 katika kila 3, miongoni mwa watu ambao kwa hesabu ya wenzetu wanakunywa dozi kubwa kuliko wote! Dawa ya namna hiyo duka lolote la dawa lingeirudisha kwa aliyeiuza.

Anayetaka kuona kipimo kikizidi aende Iten Alhamisi asubuhi. Alhamisi ni siku ya fatleki, mazoezi ya kubadilisha kasi, na makundi makubwa ya vijana hukusanyika kwenye barabara ya udongo mwekundu, saa za mkononi zikilia kwa pamoja. Wakishaondoka, angalia aliyebaki kambini. Yupo kila msimu. Amekaa kwenye ngazi ya mlango, kisigino chake kimevimba na kimezamishwa kwenye ndoo ya maji baridi. Anafua viatu ambavyo hatavivaa wiki hii wala wiki ijayo. Simu iko kando yake, juu ya jiwe. Inatetemeka: dada anauliza karo. Inatetemeka tena: mwenyekiti wa kamati ya harambee anamkumbusha ahadi. Inatetemeka tena: mtu wa plot anataka malipo ya awamu ya tatu. Wenzake watarudi na jasho na utani, watakunywa chai, watalala, na yeye atalala pamoja nao ingawa hajachoka. Usiku usingizi hautakuja. Asubuhi ataulizwa swali moja tu, "Kisigino kinaendeleaje?"

Hilo swali moja limebeba sera nzima ya michezo yetu.

2. Eti uvumilivu ni kinga

Hapa ndipo wenzetu wanapojikwaa vibaya zaidi, maana wanataja ugonjwa wakidhani wametaja tiba.

Kijana hufundishwa nini anapofundishwa kuvumilia? Hufundishwa kuficha. Kocha mzuri humwambia kilomita ya 30 usikunje uso, mpinzani atakusoma, usishike kiuno, usipumue kwa mdomo wazi ukiwa ubavuni mwake. Kwa miaka 10 anasomea ustadi wa kuumia bila kuonekana anaumia, na tunamlipa kwa jinsi anavyouweza. Halafu tunashangaa akiumia nafsini na asionekane. Tunasema, "Mbona hakutuambia?" Mficha maradhi kifo humuumbua, wanasema wahenga, lakini huyu tulimfundisha wenyewe kuyaficha na tukamvisha medali kwa kufaulu.

Hapo lazima atatajwa John Stephen Akhwari. Kila anayetaka kumnyamazisha mwanamichezo anayelalamika humkumbusha Mtanzania huyo wa Olimpiki ya Mexico 1968, aliyeanguka katikati ya marathoni, akaumia goti, na bado akaingia uwanjani gizani, wa 57 na wa mwisho, wakati wengi walishaondoka. Jibu lake alipoulizwa kwa nini hakuacha, kwamba nchi yake ilimtuma kumaliza mbio na si kuzianza tu, limekuwa mahubiri ya shule na majeshi. Sawa. Ila itazameni tena picha yake akiingia uwanjani. Mguu umefungwa bendeji. Kuna mtu aliliona jeraha, akalisafisha, akalifunga, ndipo Akhwari akaendelea. Wahubiri wetu wameyakariri maneno na kuisahau bendeji. Wamesahau pia kwamba walioanza mbio zile walikuwa 75, na 18 hawakumaliza. Hakuna aliyesema wale 18 hawakuzipenda nchi zao.

Kama mfano wa 1968 ni wa kale, chukua wa juzi. Eliud Kipchoge ndiye aliyekimbia umbali wa marathoni Vienna mwaka 2019 kwa saa 1:59:40 chini ya kauli mbiu kwamba binadamu hana mipaka. Kama kuna akili ya chuma duniani, ni yake. Februari 2024 mwanamarathoni mwenzake Kelvin Kiptum akafa katika ajali ya gari, na mitandaoni wakazuka watu wa kumhusisha Kipchoge na kifo hicho bila chembe ya ushahidi. Miezi michache baadaye aliieleza BBC aliyoyapitia: vitisho vya kuchomewa nyumba, kambi na mali, hofu kwa watoto wanaokwenda shule, na marafiki waliotoweka, akikadiria kwamba amepoteza asilimia 90 yao. Machi mwaka huo alimaliza wa 10 Tokyo. Agosti, kwenye Olimpiki ya Paris, aliacha mbio njiani. Sababu za siku ya mbio ni nyingi na sitampimia mtu kwa mbali. Ninachosema ni kwamba bingwa wa kutokuwa na mipaka alieleza hadharani mpaka wake ulipo, na mashabiki waliojaza ukuta kwa kauli mbiu yake wakaendelea kuuliza kuhusu kasi ya kilomita 5 za mwisho.

3. Eti ni ugonjwa wa Wazungu

Tuwatazame hao Wazungu waliotuletea balaa. Wa kwanza ni Simone Biles, Mmarekani mweusi, ambaye kwenye Olimpiki ya Tokyo, Julai 2021, alijiondoa katikati ya fainali ya jimnastiki ya timu kwa kuwa akiwa hewani alikuwa hajui tena mwili wake uko upande gani. Kwenye sarakasi zile, kutojua hilo ni kuvunjika shingo. Wa pili ni Naomi Osaka, binti wa mama Mjapani na baba wa Haiti, aliyejiondoa kwenye mashindano ya tenisi ya Ufaransa mwaka huo huo baada ya kutozwa faini ya dola 15,000 kwa kukataa mkutano na waandishi. Hawa ndio Wazungu wetu. Ukishagundua kwamba kila anayesema "naumwa" hupewa Uzungu hapo hapo, unaelewa kwamba rangi haikuwa hoja. Hoja ilikuwa kumtoa mtu kwenye jamii ili asituhusu.

Na Biles, ambaye wengi walimwita mwoga, alirudi Paris 2024 akachukua dhahabu 3. Sitaki kulifanya hilo kuwa fundisho, kana kwamba mgonjwa anastahili kupona ili tu alete medali. Nalitaja kwa ajili ya wale wanaoamini kwamba kupumzika ni mwisho wa mwanamichezo.

Turudi nyumbani. Bondia Conjestina Achieng alikuwa jina kubwa la ngumi za wanawake barani, msichana wa Siaya aliyeitwa Mikono ya Jiwe. Akaugua ugonjwa wa akili, nchi nzima ikijua. Kwa miaka mingi tumeona mzunguko ule ule: picha yake akiwa katika hali ya kuhuzunisha inasambaa, watu wanalia mtandaoni, mwanasiasa anajitokeza na wapiga picha wake, anapelekwa matibabu, anatoka, wapiga picha wanaondoka, kimya, hadi picha nyingine isambae. Mgonjwa wa kisukari tukimtibu kwa mtindo huo, dawa leo na kamera kesho, tungeitwa wauaji. Je, Conjestina naye ni Mzungu?

Wenzetu watasema: kama tatizo ni kubwa hivyo, mbona hatusikii wengi wakikiri? Jibu liko kwenye vitabu vya sheria. Nchini Kenya, kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu kilifanya jaribio la kujiua kuwa kosa la jinai, adhabu yake kifungo cha hadi miaka 2. Mahakama Kuu ilikitangaza kuwa kinyume cha Katiba Januari 2025. Maana yake ni kwamba kwa kizazi kizima cha mabingwa wetu, anayetoka usiku wa giza kubwa kuliko wote wa maisha yake angeweza kupokewa na pingu. Wengi wa wanariadha hao, zingatia, wameajiriwa polisi, jeshini na magereza. Tulitaka askari aende kwa mkubwa wake kukiri jambo ambalo sheria aliyoilinda ililiita jinai, na alipokaa kimya tukasema hana tatizo.

4. Eti pesa ndizo zilizomharibu

Jina linalotumika hapa daima ni Samuel Wanjiru. Alipelekwa Japani akiwa na miaka 15, mbali na mama, kwenye shule ambayo lugha yake hakuijua, kwa sababu alikuwa na miguu. Akiwa na miaka 21 alishinda marathoni ya Olimpiki Beijing kwa saa 2:06:32, katika joto ambalo wataalamu walisema litaua kasi, na akaipa Kenya dhahabu yake ya kwanza ya marathoni. Akashinda London, akashinda Chicago mara 2, akachukua mara 2 kitita cha dola 500,000 cha msururu wa marathoni kuu. Oktoba 2010 alishinda Chicago. Desemba alikuwa mahakamani kwa tuhuma za kumtishia mkewe na kuwa na bunduki kinyume cha sheria. Mei 15, 2011 alianguka kutoka roshani ya nyumba yake Nyahururu akafa, ana miaka 24. Kama alijiua, aliteleza au aliuawa, kauli za polisi zenyewe ziligongana.

Tazama mpangilio wa miezi hiyo. Kati ya ushindi na kizimba kuna chini ya miezi 3 tu. Kila aliyemwona akivuka utepe Chicago alijiambia kijana yuko sawa. Medali ilitumika kama cheti cha daktari. Kijana akivurugika huku anashinda, hana tatizo kwa kuwa anashinda. Akivurugika huku anashindwa, ana utovu wa nidhamu. Katika mizani hiyo hakuna mahali popote ambapo mgonjwa anaweza kuonekana.

Sasa tuwaulize wenye hoja ya pesa. Mlisema kwenye hoja ya tatu kwamba umaskini huwakomaza vijana wetu, sasa mnasema utajiri huwaharibu. Vizuri. Je, yule wa katikati? Wengi wa vijana wanaofanya mazoezi Iten, Kaptagat na Kapsabet hawatashinda mbio hata moja kubwa maishani mwao. Hawana utajiri wa kuwaharibu. Wana deni la chakula cha kambini, wana baba aliyeuza ng'ombe ili wanunue viatu, wana miaka 27 na hawana cheti wala ujuzi mwingine. Anapovunjika mmoja wao mnamwambia nini? Mnamwambia "pambana". Yaani tajiri ameharibiwa na pesa, maskini hajapambana vya kutosha, na kwa bahati njema isiyo kifani, hakuna hata siku moja ambapo kosa linakuwa la mfumo.

Halafu hizo pesa zilikwenda wapi? Wakala kwa kawaida alikata asilimia 15, kodi ikakatwa huko na huku, kocha akapata chake. Zilizobaki zilijenga nyumba ya mjomba, zikalipa bili ya hospitali ya jirani, zikachangia kanisa, zikasomesha watoto wa ukoo mzima. Waliokula ndio wanaosimama msibani kusema pesa zilimlevya. Ulevi wa namna hii ni wa ajabu sana, mmoja anakunywa na kijiji kizima kinashiba.

5. Eti mambo ya nyumbani ni ya nyumbani

Hoja hii huvaliwa kama heshima. Tuitazame kwa majina.

Septemba 12, 2021, Agnes Jebet Tirop alikimbia kilomita 10 Herzogenaurach, Ujerumani, kwa dakika 30:01, rekodi ya dunia ya mbio za wanawake peke yao. Oktoba 13 alikutwa ameuawa kwa kuchomwa kisu nyumbani Iten, ana miaka 25. Mumewe alishtakiwa kwa mauaji na akakana. Aprili 2022 Damaris Muthee Mutua, mkimbiaji mzaliwa wa Kenya aliyeiwakilisha Bahrain, alikutwa ameuawa, Iten hiyo hiyo. Septemba 2024 Mganda Rebecca Cheptegei, aliyekuwa ametoka kumaliza wa 44 kwenye marathoni ya Olimpiki ya Paris, alimwagiwa petroli na kuchomwa moto na aliyekuwa mpenzi wake huko Endebess, akafia hospitalini Eldoret.

Mtu atasema hizi ni jinai, si afya ya akili. Ni jinai, na wenye hatia wafungwe. Lakini mauaji ni ukurasa wa mwisho. Kurasa zilizotangulia ni maisha ya mwanamke anayelala na hofu na kuamka kwenda mazoezini, ambaye mume au mpenzi ndiye kocha wake, ndiye meneja wake, ndiye mwenye namba ya siri ya benki yake na jina kwenye hati ya shamba alilolinunua yeye. Mwili huo unapimwa damu, unapimwa mkojo, unapimwa uzito na mapigo ya moyo. Hofu haipimwi. Ingejulikana vipi, kama swali la "nyumbani kuna amani?" linaonekana kuwa utovu wa adabu?

Na nani hatimaye aliliuliza swali hilo? Wakimbiaji wenzake. Baada ya kifo cha Tirop, wanariadha walianzisha taasisi ya Tirop's Angels kuwasaidia wanaonyanyaswa. Ni kazi ya maana, na kuwepo kwake ni aibu kwa waliopaswa kuifanya. Wanawake wanaokimbia mara 2 kwa siku, wanaofiwa na kuogopa, wameongezewa na zamu ya ushauri nasaha. Wanaolipwa kusimamia michezo walituma salamu za rambirambi.

6. Eti pesa hakuna

Hii ndiyo hoja inayotamkwa kwa sauti ya upole, kwa mikono iliyokunjuliwa. Tungependa, ndugu yangu, lakini bajeti.

Olimpiki ya Rio 2016. Wanariadha wa Kenya walilalamikia sare na tiketi, huku watu wasiohusika na timu wakisafirishwa kwa pesa za umma kwenda kustarehe Brazil. Mwaka 2021 mahakama jijini Nairobi iliwatia hatiani aliyekuwa Waziri wa Michezo na aliyeongoza msafara huo. Basi tusidanganyane. Kiti cha mwanasaikolojia kwenye ndege kilikuwepo. Kilikaliwa na mtu mwingine.

Tazama pia tunachoweza tunapotaka. Wanariadha wa kiwango cha juu walio kwenye orodha ya kupimwa dawa za kusisimua misuli hulazimika kueleza mapema, kwa kila siku ya mwaka, mahali watakapopatikana kwa dakika 60 zilizotajwa. Akikosekana, au akikosea kutoa taarifa hizo, mara 3 ndani ya miezi 12, anaweza kufungiwa. Mpimaji hufika alfajiri hadi mlangoni kabisa, kijijini kusikofika lami, akiwa na chupa na fomu. Mfumo huo ni wa haki na sina ugomvi nao. Nauliza tu: tunaoweza kujua mkimbiaji alikuwa wapi saa kumi na mbili asubuhi ya Jumatano, mkojo wake ukoje na damu yake ikoje, tumeshindwa nini kumuuliza kama usiku wa kuamkia siku hiyo alilala?

Mkandaji wa misuli naye hulipwa. Yuko kwenye kila kambi inayojiheshimu, na hakuna mkimbiaji anayeitwa dhaifu kwa kulala kwenye meza yake. Hakuna kocha anayesema paja lake ni la Kizungu. Hakuna mchungaji anayeambiwa aiombee kano ya kisigino badala ya kuitafutia daktari. Tumekubaliana kwamba misuli ikifanya kazi nyingi hukaza, na ikikaza huhitaji mikono ya mjuzi. Kichwa kinachofanya kazi hiyo hiyo, kinachohesabu kasi, kinachobeba karo, kinachosoma matusi simuni, hicho tumekiagiza kivumilie.

Gharama ambayo haiandikwi

Imani ya akili ya chuma ina gharama, ila haimo kwenye hesabu za shirikisho. Inalipwa na mama anayekaa mlangoni usiku kusubiri kijana arudi kutoka baa. Inalipwa na watoto wa Wanjiru, wa Cheptegei. Inalipwa na mwanariadha mstaafu wa miaka 35 ambaye simu yake imeacha kulia, na ambaye hakuna ofisi yoyote inayojua alipo sasa kwa kuwa haimpimi tena mkojo.

Kuwaondolea gharama hiyo si muujiza. Mtaalamu wa afya ya akili awepo kambini tangu siku ya kwanza ya mazoezi ya timu ya taifa, si wiki ya kuondoka, na asiwe na sauti yoyote katika uteuzi wa timu, ili mkimbiaji asiogope kwamba akifungua mdomo atakatwa jina. Uchunguzi wa afya wa kila msimu uulize usingizi, hofu na pombe pamoja na magoti. Mkataba useme mwanariadha aliyeumia atapata nini, na kwa muda gani. Anayestaafu afuatiliwe angalau miaka 2. Kijana anayepelekwa ng'ambo akiwa na miaka 15 awe na mtu mzima wa lugha yake ambaye kazi yake si saa wala mbio.

Kiongozi wa michezo anayeona orodha hii ni anasa ya Wazungu anayo njia rahisi ya kuthibitisha kwamba anaamini anachohubiri. Aanze kwa kuwafuta kazi wakandaji wote wa misuli kambini, awaambie mabingwa wavumilie, halafu aje atueleze medali ziko wapi.